Kusalimia Karti

Beni, 12 Machi 2000

Yaya Virginie,

Kabla ya yote, dada yangu, niambie magoti ya Mama yanaendeleaje na mvua hizi. Mwambie mwanawe wa Beni anakula, anavaa, na meno yote bado yako kinywani. Julie wangu alijifungua mwanzoni mwa mwezi, mtoto wa kiume, tumemwita Éphraïm. Ana sauti ya katekista na njaa ya askari. Mama yake ni mzima, ila anachoka upesi. Na Elsa wako, shule inaendelea? Nilisikia njia ya Butembo ilifungwa tena wiki iliyopita, ndiyo maana barua hii nampa dereva Kakule mkononi badala ya kumpa mtu wa baiskeli.

Sasa habari yenyewe. Unajua kwamba sisi walimu mshahara tumeusahau tangu vita vya kwanza. Wazazi wanatulipa wanachoweza, mwezi huu maharagi, mwezi ujao ahadi. Lakini Beni kumeingia kitu kipya. Kuna mfanyabiashara hapa sokoni, jina lake Jéthro, analeta mali kutoka Kampala. Ametengeneza karti kwa ajili ya walimu na wauguzi. Ni kipande cha karatasi ngumu chenye jina lako na muhuri wake. Unaingia dukani, unachukua sabuni, sukari, chumvi, yeye anaandika, unatoka kichwa juu kama mtu aliyelipa. Mwisho wa mwezi unampelekea kidogo ulicho nacho, na karti inaendelea. Siku niliyoipata nilihisi kama serikali imerudi.

Nimechukua nguo za mtoto, sufuria mbili, na redio ndogo ili tusikie vita vinaelekea wapi. Miche sita ya sabuni aliyonayo Kakule ni ya Mama.

Na kiwanja alichotuachia Papa, Mungu amrehemu, ile mikaratusi ya mpakani bado imesimama? Nauliza tu.

Mdogo wako,
Apollinaire


Butembo, 9 Aprili 2000

Mdogo wangu Apollinaire,

Sabuni imefika, miche mitano. Wa sita Kakule anasema ulianguka kwenye kizuizi cha askari, na mimi sikutaka kujua uliangukia mfuko wa nani. Mama amefua shuka zote za nyumba, hata zile zilizokuwa safi. Magoti yanamsumbua asubuhi, mchana yanamwacha. Anamwombea Éphraïm kila siku. Anasema jina la babu yetu lingefaa zaidi, lakini amekusamehe. Elsa anasoma, mwaka ujao atafanya mtihani wa serikali akipenda Mungu na wakipenda wenye bunduki. Biashara yangu ya samaki inachechemea. Kutoka ziwani Kyavinyonge wanafika wachache, na wachuuzi wa kule wanaongeza bei kwa kila kizuizi walichopita.

Tuje kwenye hiyo karti yako. Mtu anayefundisha hesabu watoto wa watu ananiandikia kwamba amechukua redio bila kulipa, na anafurahi. Kukopa harusi, kulipa matanga. Huyo Jéthro si mjomba wetu. Rudisha redio, Apollinaire. Vita vikifika mlangoni kwako utavisikia hata bila redio.

Mikaratusi imesimama. Nyumba nayo imesimama. Mama anasema Papa aliyanunua yale manjanja, mabati ya paa, moja moja, mwaka hadi mwaka, na yeye atatoka chini yake siku atakapobebwa. Ana kitanda chake, jiko lake na kaburi la mumewe karibu, hataki kingine duniani. Kwa nini unauliza miti? Mtu haulizi miti bure.

Naishia hapa, nakwenda kwenye mazoezi ya nyimbo za Pasaka. Wamama wa parokia tumechagua kitambaa cha kikwembe cha namna moja, cha buluu chenye ndege. Asiye nacho ataimba nyuma, na sauti yangu unaijua, haikuumbwa kukaa nyuma.

Yaya wako,
Virginie


Beni, 28 Mei 2000

Yaya,

Salamu nyingi kwako, kwa Mama na kwa Elsa. Éphraïm anacheka sasa, hasa nikikasirika. Julie amelala hospitali siku nne kwa homa, amerudi, anakula uji. Shuleni madarasa mawili yamejaa watu waliokimbia vijiji vyao, kwa hiyo tunafundisha wengine asubuhi na wengine jioni, kwa maharagi yale yale.

Umenigombeza kama mtoto, na mimi nataka kukujibu kama mtu mzima. Unakumbuka mbuzi ambaye Papa alimpa jirani yetu Sikuli amchunge? Mtoto wa kwanza aliletwa kwetu, wa pili alibaki kwa Sikuli, na hivyo kila uzao. Kwa miaka yote ile, Papa alikwenda lini kwa Sikuli kumdai mbuzi mama? Hata siku moja. Kwetu sisi mtu anayepeleka sehemu ya mwenye mali kwa wakati hadaiwi, anaheshimiwa. Ndivyo ninavyofanya. Kila mwisho wa mwezi namfikia Jéthro na dola tano, mara nyingine nne na kuku. Ananipa kiti, ananiuliza habari za mtoto. Walimu wote hapa tunafanya hivyo. Tunaita kusalimia karti.

Ni kweli kwamba juu ya kila dola kumi zinazobaki anaongeza mbili kwa mwezi. Hizo mimi nazihesabu kama watoto wa mbuzi.

Kitu kimoja zaidi nikuambie, usije ukakisikia kwa watu. Jéthro anamwuliza kila mwenye karti ni nini kilicho nyuma yake. Nikamwambia mimi ni mtoto wa kiume wa nyumba yenye kiwanja Butembo, mjini, si porini. Akaandika. Mashahidi walikuwa wawili. Ni maneno tu ya kuonyesha kwamba sikuokotwa njiani, hakuna mtu atakayegusa nyumba ya Mama.

Kama una dola thelathini za kunishika mkono mpaka Julai, mpe Kakule.

Apollinaire


Butembo, 20 Agosti 2000

Mdogo wangu,

Barua yako ya Mei imenifikia jana. Lori la Kakule lilizuiwa njiani, halafu likaharibika, halafu likatekwa likiwa limeharibika, jambo ambalo sikujua kwamba linawezekana. Yeye ni mzima. Pole kwa homa ya Julie, nadhani sasa imekuwa habari ya zamani. Sisi tulilala chini ya vitanda mara mbili mwezi wa Julai, risasi zilipita juu ya mji kutoka milimani, asubuhi soko likafunguliwa kama kawaida. Mama hakuingia chini ya kitanda. Alisema magoti hayaruhusu.

Dola thelathini sina. Ningekuwa nazo ningekupa kwanza, halafu ningekutukana.

Kuhusu mbuzi wa Sikuli, umesahau jambo moja. Mbuzi anazaa ukiwa naye. Sukari ukishainywa haizai kwako tena, inazaa kwa Jéthro. Papa alimpa Sikuli mnyama mwenye tumbo, wewe umepewa sabuni. Hata watoto wako wa darasa la tatu wangekuambia.

Mama analala vizuri siku hizi, ana godoro jipya la sponji, nene, mgongo umepona. Karo ya Elsa imelipwa mpaka mwisho wa mwaka na viatu amepata. Usiniulize, nimejipanga.

Nilitaka pia kukuuliza, bila haraka. Ikitokea siku moja mmoja wetu amebanwa, mimi au wewe, unaonaje mambo ya kiwanja? Jibu kwa upole.

Virginie


Beni, 5 Novemba 2000

Yaya Virginie,

Natumaini barua hii itakukuta mzima na Mama juu ya godoro lake. Éphraïm anatambaa, ameshavunja redio, kwa hiyo hilo ulilolitaka limetimia kwa njia yake. Julie anashona nguo za watu kwa cherehani aliyoirithi kwa shangazi yake, ndiyo inayotulisha.

Nilipopokea barua yako nilikaa kwanza chini, nikingojea moto juu ya yale niliyomwambia Jéthro. Nimeisoma mara tatu. Umenigombeza kwa ajili ya sukari, lakini kwa kumtajia Jéthro kiwanja hukusema neno. Tangu siku ile nina wasiwasi kuliko kama ungenitukana. Kuhusu swali lako, tutaongea uso kwa uso njia ikitulia.

Sasa nikuambie yaliyonipata. Mwisho wa Oktoba nilikuwa na dola mbili tu. Nikaenda nazo, maana kutokwenda kabisa ni dharau. Duka lilijaa, na baadhi ya waliosimama mle walikuwa wazazi wa wanafunzi wangu. Jéthro hakunipa kiti. Alisema kwa sauti ya mtu anayetangaza bei: "Mwalimu, unanilipaka miezi munane, mais deni inakomala tu. Sasa njo weye unafundishaka batoto hesabu?"

Watu wakacheka, eti ndiye mimi ninayefundisha watoto wao hesabu na deni linakua tu. Nilicheka pia, sijui kwa nini.

Nikarudi nyumbani nikafanya hesabu ambayo ningepaswa kuifanya Machi. Nilichukua vitu vya dola sitini, na tangu hapo sijachukua hata kiberiti. Nimelipa thelathini na saba. Ninadaiwa mia moja sabini na nane. Niliifanya mara ya pili kwa chaki, ubaoni, watoto walipokwisha kutoka, ikaja ile ile. Julie haendi tena sokoni upande ule. Mimi nikimwona Jéthro kwa mbali natafuta kamba za viatu vyangu.

Kwa Mama usiseme kitu.

Apollinaire


Butembo, 21 Januari 2001

Apollinaire,

Nawasalimu ninyi wote watatu, na nafurahi kwamba cherehani ya Julie inafanya kazi. Elsa ni mzima. Mama ni mzima pia, lakini hayupo Butembo. Usishtuke, soma polepole, nitaeleza kama yalivyokuwa.

Jumanne iliyopita nilikuwa sokoni na samaki wangu. Elsa akaja mbio, akasema nyumbani kuna wageni wawili na wanabishana. Nilikuta mmoja ni mnene, mwenye vumbi la njia, amefika na msafara wa malori kutoka Beni. Ndiye Jéthro wako. Wa pili ninamfahamu. Ni Stanislas, anauza vikwembe na magodoro karibu na soko kubwa, na amekuja na kamba ya kupimia. Mama alikuwa amewapa viti wote wawili, maana wageni ni wageni, na yeye amekaa kwenye mkeka anachambua maharagi.

Jéthro alikuwa akisema: "Mama, mutoto wako Apollinaire alitia hii parcelle gage ku deni yangu. Nakuya kuiangalia tu, na amani."

Stanislas akamkata: "Gage gani? Hii parcelle iko gage kwangu tangu mwezi wa tano. Virginie njo alisaini."

Ndiyo, mdogo wangu, hata mimi nilikuwa nimekiweka kiwanja rehani. Mwezi wa tano, mwezi ule ule uliponiandikia habari za mbuzi. Nilianza na kikwembe cha Pasaka, kwa sababu wamama wote walikichukua kwa Stanislas, kulipa polepole. Kisha mgongo wa Mama ukazidi, nikachukua godoro. Kisha karo ya Elsa, Stanislas mwenyewe alinikopesha fedha mkononi. Naye anaongeza kila mwezi kama Jéthro. Nami kila mwezi nilimpelekea samaki na vijisenti, nikirudi nyumbani moyo mweupe kwamba nimelipa. Nilikuwa nakuhubiria juu ya sukari huku nimekalia godoro la mtu. Nilipofika kwenye neno lako la kiwanja, mkono ulikataa kuandika. Ningekuambia nini? Kwamba umeiba kitu nilichokuwa nimeshakiiba?

Mama aliniuliza kama ni kweli. Nikasema ni kweli. Akauliza kama na yako ni kweli. Nikasema hiyo pia. Hakulia wala hakunitazama. Aliendelea kutoa mawe kwenye maharagi mpaka ungo ukaisha. Halafu akasema, hakuna aliyejua anamwambia nani: "Nyumba mumeitia ku karti. Bon. Na miye, niko ku karti ya nani?"

Stanislas alikunja kamba yake. Mama akainua ungo, akaenda jikoni, akapika yale maharagi na akawapa chakula wale wawili. Walikula. Jéthro aliomba chumvi.

Kesho yake alfajiri alifunga nguo zake kwenye shuka moja, akapata nafasi kwenye lori lililokuwa likirudi kijijini Kasugho, kwa mjomba Syauswa. Nilimwambia achukue godoro. Alisema lile lina mwenyewe. Nilimsindikiza mpaka stendi nikiwa nalia mbele za watu, na mimi unanijua, silii mbele za watu. Nina aibu, Apollinaire. Sikutafuta neno jingine la kuipunguzia.

Wale wawili wamepatana kwa haraka kuliko ndugu. Deni lako limefika dola mia mbili hamsini na saba, langu mia tatu na kumi. Stanislas atachukua kiwanja na nyumba, atampa Jéthro fedha zake, na kilichozidi atatupa sisi. Anakitaja kuwa dola kumi na tatu. Ni bei ya wakati wa vita, lakini mnunuzi mwingine nimemtafuta, hayupo. Wanahitaji sahihi yako kama mtoto wa kiume. Njoo na msafara wa kwanza.

Virginie


Beni, 18 Machi 2001

Yaya,

Nilifika salama kutoka Butembo, baada ya sahihi ile. Njiani walituteremsha mara mbili, wakachukua saa yangu. Éphraïm anatembea, hatua tatu kisha matako. Julie anakusalimu, hajaniuliza kitu tangu niliporudi, anashona tu. Natumaini chumba ulichopanga hakivuji na Elsa ana mahali pa kusomea.

Nilidhani nikishasaini nitakuwa mwepesi. Nililala vizuri usiku mmoja. Tangu hapo naamka nikiwaza Mama akichimba shamba la mjomba na yale magoti. Nimemwandikia mara mbili kupitia watu wa parokia. Wanasema barua zimefika, amesomewa, ameshukuru, akaulizia mtoto. Kwangu hakutuma neno.

Sasa sikia hili. Jumatatu Jéthro alituma mtu wa kuniita. Nikaenda. Alinipa kiti, akanipa chai yenye maziwa, akasema mbele ya duka lote: "Huyu mwalimu njo mulipaji. Batu bote bafanye sawa yeye." Wale wale waliocheka Oktoba wakaniangalia kwa heshima. Halafu akatoa karti mpya, safi, jina langu limeandikwa kwa mashine, na ruhusa ya kuchukua mara mbili ya zamani. Anasema kwa mtu aliyemaliza deni lote hana wasiwasi. Safari hii hakuuliza ni nini kilicho nyuma yangu. Yeye mwenyewe alitaja cherehani ya Julie, kwa kupita, kwamba amesikia ni nzuri.

Sikuipokea. Sikuikataa pia. Nilisema nina haraka, nitarudi. Lakini yaya, nyumbani hakuna sabuni, chumvi tunaomba kwa jirani, na Éphraïm anakohoa. Wazazi mwezi huu hawakuleta hata ahadi. Kila nikipita mbele ya lile duka mguu unapunguza mwendo wenyewe. Niambie nifanye nini. Sitaingia kabla ya jibu lako.

Apollinaire


Butembo, 8 Aprili 2001

Mdogo wangu,

Pole kwa saa, na pole zaidi kwa kikohozi cha mtoto, mpeni majani ya mpera yaliyochemshwa. Chumba kinavuja upande mmoja, tumehamia upande mwingine. Elsa anasoma kanisani mpaka wanapofunga.

Umeniomba jibu, hili hapa. Usiipokee. Jéthro hakukupa heshima, alikupa chai. Ile cherehani ndiyo sahani yenu, akiichukua mtakula nini? Mwambie Julie yote, leo, kabla hajayasikia dukani. Chumvi endeleeni kuomba kwa jirani, jirani haongezi mbili juu ya kumi. Nakuambia hivi mimi niliyekuambia mwanzo na sikujisikiliza, kwa hiyo nisikilize wewe.

Mke wa mjomba Syauswa amepita hapa Alhamisi akienda kuuza maharagi. Nilimwuliza habari za Mama, akajibu kwamba yuko, kama watu wanavyojibu. Nikamshika mkono asiondoke. Ndipo akasema nyumba yao imejaa wakimbizi wa ukoo wake, Mama analala jikoni, kwenye mkeka, na moto ukizimika anajikunja ndani ya ile shuka aliyofungia nguo. Mvua za kule unazijua. Anakohoa tangu Februari. Amemkataza kila mtu kutuambia.

Zile dola kumi na tatu zilikwenda kwenye kodi ya chumba. Samaki hawajafika wiki mbili. Nilikwenda kwa Stanislas, ndiyo, nilikwenda, nikamwomba blanketi moja tu, nitalipa polepole. Alinijibu kwa adabu kwamba mteja asiye na kiwanja si mteja. Nilizunguka soko zima, hakuna aliyenipa.

Nilichoandika juu nimekiandika, sikifuti. Lakini kama barua hii imechelewa njiani, na ukawa umeshaipokea hiyo karti, basi sukari usichukue. Chukua blanketi moja, lile zito, umpe Kakule alifikishe kwa watu wa Kasugho kabla ya mwisho wa mwezi. Mama akiuliza, tutamwambia limelipwa.

Yaya wako,
Virginie